Pasenti 115: kisa cha dairekta wa Kisumu aliyegawa filamu yake mpaka ikaisha

Nianze na namba, ndio usipotee njiani. 115. Hiyo ndio jumla ya pasenti tuliyopata siku ile tumekaa Dunga, ufuo wa ziwa hapa Kisumu, kwa kibanda cha mama wa samaki, mimi na Dairekta na watu wengine saba, tukijumlisha ahadi zote alizokuwa ametoa juu ya filamu moja. Filamu ni ya dakika 84. Na yeye aliyeiandika na kuidairekti hakuwa amejiwekea hata pasenti moja.

Nitamwita Dairekta kwa sababu huku Nyalenda ndivyo watu wanamwita, hadi watoto. Amenikubalia niandike bora nisitaje jina lake wala la filamu. Pia niseme mapema kwamba mimi si mtu wa kando kwa hii story, mimi ndio nilikuwa edita, na kwa zile 115, kumi zilikuwa zangu, kwa hivyo ukiona mahali nimejipendelea unajua sababu.

Dairekta ni dada wa thelathini na kitu. Hakusomea filamu popote, alijifunza kwa harusi na matanga. Kama hujui huku kwetu matanga ni nini kwa mtu wa kamera, nikueleze: Ijumaa mwili unatoka mochari, kamera inafuata mpaka nyumbani, usiku wote watu wanakesha, Jumamosi mazishi, na kuna jamaa wako Marekani na Uingereza hawakuweza kusafiri wanataka kuona live kwa simu, na hao ndio wanalipa. Yaani wikendi mbili za matanga zinalipa kuliko miezi sita ya kuzunguka na skripti. Wasee wa Nairobi wakisikia hivyo wanacheka. Mimi sicheki. Mtu aliyefilamu matanga miaka saba anajua kusimama mahali bila kusumbua mtu, anajua kusubiri, na anajua karibu ni saa ngapi uso wa mama utavunjika. Ukiangalia filamu yake utaona hiyo kitu iko, kamera haina haraka.

Skripti aliandika na rafiki yake wa shule ambaye saa hii ni mwalimu Siaya, wakitumiana sehemu sehemu kwa WhatsApp karibu miaka miwili. Bajeti ya pesa taslimu ikawa 640,000. Hapo 190,000 ni zake za matanga alizoweka kidogo kidogo, 150,000 ni mkopo wa Sacco aliodhaminiwa na marafiki watatu, na 300,000 ni za mjomba wake, mzee ambaye ana lori za mchanga na alikuwa hajawahi kuona skripti maishani mwake. Pesa zikaenda kule pesa za filamu huenda: petroli, jenereta, usafiri, nyumba tulizokodi kufilamia, leseni ya kufilamu, kitu kidogo cha halali kwa kamati ya ufuo, nguo, na vijana wa kubeba vitu ambao wanalipwa jioni hiyo hiyo la sivyo kesho hawaji. Tulifilamu siku 17.

Sasa ona shida iko wapi. Hiyo 640,000 haikuwa na mshahara wa kamera, wa saundi, wa waigizaji, wa mwandishi mwenza, wala wangu. Hakuna mtu alikuwa mjinga, sote tulijua. Tulikuwa tunasema tu "tutaona mbele", ile sentensi imezika kazi nyingi za sanaa hii Kisumu kuliko ukosefu wa talanta.

Kila pasenti kwa ile daftari Dairekta aliandikia ahadi zake ilikuwa na siku yake na balaa yake. Nikupe moja niliyoona kwa macho yangu.

Siku ya sita ilikuwa usiku, sini ya omena, wale samaki wadogo wa ziwani. Omena huvuliwa usiku na taa, na Dairekta alitaka zile taa zikiwa mbali kwa maji halafu msichana amesimama ukingoni akizihesabu. Tulikuwa tumekosa jua siku mbili, maana huku tuko karibu na ikweta, jua likifika saa kumi na mbili na nusu unaona kama kuna mtu amezima swichi, ile dakika ya mwangaza mzuri ukiipoteza ukibishana na mtu wa boti imeenda. Kwa hivyo ratiba ilikuwa imelegea na pesa ya siku hiyo ilikuwa imeingia kwa jenereta. Mimi nilikuwa kando na laptopu nikikopi kadi. Nikaona mtu wa kamera ameketi kwa kreti ya soda, anafuta lenzi moja moja na kitambaa, pole pole, anaziweka kwa begi, ile pole pole ya mtu anataka umuone. Kamera ilikuwa yake, na ilikuwa bado iko na deni. Alikuwa ameahidiwa kitu siku ya tatu na hakupewa.

Dairekta akaenda akachuchumaa mbele yake. "Omera, usifunge. Nitakupea ishirini."

"Ishirini gani?"

"Ishirini ya filamu."

Akanyamaza kidogo. Akatoa lenzi kwa begi akairudisha kwa kamera, na ile shoti ya taa za omena ndio shoti watu wote wanaikumbuka wakitoka kuangalia. Mimi mwenyewe wakati huo niliona amefanya kitu cha akili sana. Hakuna aliyeuliza ishirini ya nini hasa ya filamu. Usiku huo huo pia pesa ya diski ya pili ilikuwa imeliwa na petroli, kwa hivyo futeji yote, siku zote 17, ilikaa kwa diski moja, na diski ilikuwa ya mtu wa kamera. Kumbuka hiyo.

Zingine zilienda hivyo hivyo. Saundimani kumi, baada ya kukaa siku nne bila nauli. Msichana kumi, kijana aliyeigiza naye kumi. Mwalimu wa Siaya kumi na tano. Mimi kumi. Mjomba alijipimia mwenyewe ishirini na tano na nani angembishia. Mwanamuziki tano. Mama wa samaki tano, na huyo hakuwa ameomba, yeye alikuwa anataka tu pesa ya sahani zake, lakini Dairekta akaona aibu kumwambia sina akamwambia mama utapata tano. Jaduong', yaani mzee, mwenye boti naye tano, na huyu ndio pekee aliuliza swali la maana: "Tano ya nini, nyathina?" Akajibiwa ya filamu. Akasema sawa, akaenda kuchota maji yaliyoingia kwa boti.

Nikaedit miezi minne kwa bedsita yangu Manyatta, na kopi nyepesi maana laptopu yangu haingeweza kubeba futeji yenyewe. Filamu ikaonyeshwa kwa ukumbi mara mbili, ikaenda tamasha moja, watu wakapiga makofi. Sitakaa hapo. Makofi hayana risiti.

Halafu ikaja imeli. Mnunuzi mmoja, sitamtaja, anataka haki za kuionyesha Afrika Mashariki, yeye peke yake, miaka miwili, shilingi 900,000. Masharti: ndani ya siku 30 Dairekta alete filamu kwa ubora kamili, sabtaito za Kiingereza kwa sababu filamu ni Dholuo na Kiswahili, cheti cha bodi ya kuainisha filamu, na karatasi zote zinazoonyesha kwamba anayeuza ndiye mwenye mali. Wao wanauita mnyororo wa umiliki: kila mtu aliyeweka mkono wake kwa hii kazi, iko wapi karatasi inayoonyesha mkono wake umefika kwako?

Dairekta alinipigia usiku akilia, mimi nikadhani ni furaha.

Hakuwa na karatasi hata moja. Alikuwa na WhatsApp, na daftari la Kasuku lenye jalada limelowa mafuta ya samaki.

Tukaenda kwa wakili, akatupea somo ambalo naliweka hapa kwa kifupi maana linawahusu wengi. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ni ya 2001. Kwa sheria hiyo mwenye filamu, yaani yule anahesabiwa kama mtunzi wa filamu, ni mtu aliyefanya mipango ya kuitengeneza. Si mwenye kamera, si mwenye wazo. Kwa hivyo hapo Dairekta alikuwa sawa, kwa sababu hakukuwa na prodyusa mwingine, yeye ndiye alikuwa anatafuta hadi mkaa wa kuchemsha chai. Lakini skripti ni kazi nyingine ina haki yake, na hiyo waliandika wawili. Muziki ni kazi nyingine. Waigizaji nao wana haki zao kwa uigizaji wao. Na sheria hiyo hiyo inasema ukitaka mtu akuhamishie hakimiliki, au akupe leseni ya wewe peke yako, lazima iwe kwa maandishi na imesainiwa. Ruhusa ya kawaida tu inaweza kuwa ya mdomo, inaweza hata kusomeka kwa vile watu wamefanya. Lakini mnunuzi anayetaka kuwa peke yake hawezi kununua kwako kitu ambacho wewe umepewa kwa mdomo. Sisi tulikuwa tumeshinda kesi ambayo hakuna mtu alikuwa ameileta, na ile iliyoletwa tulikuwa hatuna kitu mkononi.

Na juu ya hayo yote, sheria ilikuwa upande wetu kuhusu futeji lakini diski ilikuwa Kondele chini ya kitanda cha mtu wa kamera. Nilimpigia nikamwambia tunaihitaji kwa ubora kamili. Akasema vizuri sana, bila matusi, "Mleteni ile ishirini yangu, diski iko." Ishirini ya 900,000 ni 180,000. Alikuwa ashapiga hesabu.

Ndio tukaitana Dunga. Mwalimu wa Siaya alikuwa kwa simu spika, kijana mwigizaji alikuwa amehamia Nairobi akasema lolote mtakalosema ni sawa, hao hujua kuongea hivyo mpaka pesa ifike. Dairekta akatoa Kasuku akaanza kusoma majina kwa sauti, mimi nikijumlisha kwa simu. Kumi na tano. Ishirini, tunafika thelathini na tano. Tulipofika kwa mjomba ikagonga mia moja kamili na mzee akatabasamu akidhani imeisha. Halafu zikabaki tano tatu.

Nikasema mia na kumi na tano.

Kimya. Mama wa samaki alikuwa anageuza ngege kwa mafuta, hakugeuka hata, akasema: "Mimi nikiuza samaki, kichwa siuzi mara mbili." Saundimani akacheka mpaka akakohoa. Mjomba hakucheka. Mtu wa kamera akachukua helmeti yake akaondoka, na sikumlaumu.

Hapa ndio pana nyama ya hiki kisa na nataka twende pole pole. Watu wengi wakisikia hii story wanasema shida ni kwamba zilizidi mia. Mimi nasema hata zingekuwa 80 shida ingekuwa ile ile. Chukua ishirini ya mtu wa kamera. Kwa kichwa chake ni ishirini ya pesa inayoingia, yaani 180,000. Sasa chukua maana ambayo wakili alisema ndio ya kawaida kwa hii biashara, ishirini ya faida. Kwa 900,000 toa asilimia 5 ya kodi ya zuio, ile mnunuzi anakata kabla ya kukulipa, hiyo ni 45,000, inabaki 855,000. Toa wakili 40,000, sabtaito 35,000, kurekebisha saundi 50,000. Inabaki 730,000. Rudisha 640,000 ya watu walioweka pesa. Faida ni 90,000, na ishirini ya hapo ni 18,000. Kwa siku 17 za kazi na kamera yake mwenyewe. Hiyo ni kama elfu moja na kitu kwa siku, kijana wa kubeba stendi za taa karibu amshinde.

Neno ni lile lile, mtu ni yule yule, moja inasema 180,000 na ingine 18,000, na hakuna hata mmoja alikuwa anadanganya. Dairekta usiku ule wa omena hakujua anaahidi gani kati ya hizo mbili. Nilimuuliza. Akasema, "Sikuwa nafikiria pesa, nilikuwa nafikiria asifunge begi."

Usiku huo mimi na yeye hatukulala. Tukaacha pasenti kabisa tukaanza upya na swali rahisi: huyu mtu kama ungemlipa, ungemlipa ngapi? Kwa bei za Kisumu, si za Nairobi. Mtu wa kamera na kamera yake 6,000 kwa siku, siku 17, ni 102,000. Saundi na vifaa vyake 4,000 kwa siku, 68,000. Msichana 2,000 kwa siku, 34,000. Kijana alifanya siku 12, 24,000. Mwalimu kwa skripti 50,000. Mimi 60,000, na hapo nilinyamaza ingawa miezi minne ni miezi minne. Kwa mama wa samaki tulishangaa, maana yeye alikuwa na daftari lake na lilikuwa bora kuliko letu: sahani 14 kila siku, siku 17, mia mbili mbili, jumla 47,600, amelipwa 20,000, anadai 27,600. Alikuwa hata na tarehe ambazo mtu alirudia sahani. Boti usiku tisa kwa 2,500 ni 22,500. Mwanamuziki 30,000.

Jumla 418,100.

Dairekta akaiangalia hiyo namba muda mrefu. Ukiijumlisha na 640,000 unapata filamu iligharimu 1,058,100. Miaka yote alikuwa anaambia watu ametengeneza filamu kwa laki sita na arobaini, anajivunia, na mimi nilikuwa namsaidia kujivunia. Kumbe ile laki nne na kitu ilikuwepo tangu siku ya kwanza, ilikuwa ni deni tu halijapewa jina la deni.

Na sasa tena tazama: 730,000, mrudishie mjomba 300,000 yake kwanza, inabaki 430,000. Lipa watu wote 418,100. Inatosha. Hakuna mtu anadhulumiwa. Ila 190,000 ya Dairekta na ile ya Sacco zinabaki zikingoja mauzo yanayofuata, na yeye anaenda nyumbani na 11,900.

Nilimwambia si haki. Akasema, "Si haki lakini inaingia kwa siku 30."

Kwa mtu wa kamera alienda peke yake, hakutaka twende naye. Nilichosikia baadaye ni kwamba alimwandikia kwa karatasi hesabu zote tatu, 180,000 na 18,000 na 102,000, akamwonyesha kila moja imetoka wapi, akamwacha akichagua ile anaona inafanana na kazi yake. Jamaa akasaini 102,000. Lakini alisema kitu ambacho Dairekta alinirudishia neno kwa neno na kimenikaa: "Ile usiku ungeniambia siku yangu ni elfu sita na leo huna, ukaandika, ningekaa. Nilikuwa nataka tu kuandikwa." Diski ikaja kwa boda asubuhi yake imefungwa kwa sweta.

Mjomba alikuwa mgumu kuliko wote, na wakili alitaka tumtishie kidogo. Hapo mimi nilitofautiana na wakili. Mzee ameweka 300,000 bila kujua anaweka kwa nini, hatishiwi. Alitaka arudishiwe pesa yake halafu ile ishirini na tano ibaki vilevile kwa kila kitu milele. Tukakubaliana anatoka wa kwanza, hakuna mwingine anagusa kabla yake, halafu pesa yoyote ikija mbele, kwanza Dairekta arudishiwe 340,000 yake na ya Sacco, kinachobaki kigawanywe: yeye 15, Dairekta 45, na 40 ni ya mfuko wa wale wote waliofanya kazi, kila mtu kwa kadiri ya deni lake kwa ile 418,100. Na tukaandika kwa Kiswahili cha kawaida "kinachobaki" ni kipi, baada ya kutoa nini na nini. Mzee alisomewa mara mbili. Akauliza kama anaweza kuweka kidole gumba badala ya sahihi, na anajua kuandika vizuri kabisa, nafikiri aliona kidole kina uzito zaidi.

Muziki karibu utuue. Wimbo tulioweka ulikuwa umerekodiwa kwa studio fulani, na mwenye studio akasema rekodi ni yake hata kama wimbo ni wa mwanamuziki wetu. Alikuwa na haki ya kusema hivyo, maana wimbo una haki mbili, ya aliyeutunga na ya aliyeurekodi, na ile leseni ya kupiga muziki hadharani, ile hoteli na matatu hulipia, haikupi ruhusa ya kubandika wimbo kwa picha. Alitaka 80,000. Tukaachana naye. Mwanamuziki akaja na nyatiti yake, nyuzi zake nane, na ile pete ya chuma kwa kidole gumba cha mguu anayogonga nayo mbao, tukamketisha kwa nyumba ya shangazi ya Dairekta na magodoro mawili ukutani. Mvua ya jioni ikaja kwa mabati. Tukangoja mpaka saa sita usiku ikaisha, boda zikapungua, akapiga mara tatu. Ya tatu ndio iko kwa filamu saa hii. Ukiisikiliza na hedifoni unasikia ile chuma inagonga kabla ya kila mstari, kwa studio walikuwa wameifuta wakaweka kinanda, na mimi naona tulipata wimbo bora kwa pesa kidogo.

Karatasi ya mwisho ilisainiwa siku ya 28. Dairekta pia alikuwa amesajili jina la biashara kwa eCitizen, 950 bob, kitu angefanya kabla hata hajaandika sini ya kwanza.

Kitu hatukusoma vizuri ni kwamba pesa inalipwa siku 90 baada ya mnunuzi kupokea na kukubali, si siku ya kusaini. Hiyo miezi mitatu ilikuwa mibaya. Story ilikuwa imeenea kwamba ameuza filamu, na Kisumu ni mji mdogo ukiwa na pesa ambazo bado hazijaingia. Alionekana Kibuye akinunua mabati manne ya jikoni ya mamake, watu wakasema ameanza kujenga. Saundimani alinipigia mara mbili kuniuliza kama mimi nishalipwa. Kilichomwokoa ni karatasi, maana kila mtu alikuwa na nakala imeandikwa tarehe, na akipigiwa anasema angalia ukurasa wa pili.

Kuna mabishano moja na marafiki nataka niliseme hapa. Wanasema bila pasenti ile filamu haingekuwepo, dairekta maskini hana kingine cha kulipa isipokuwa kesho. Nakubali nusu. Mjomba alipaswa kuwa na pasenti, maana yeye aliweka pesa ambayo ingepotea, hiyo ndio maana ya pasenti. Pia anayeandika na wewe, kuna hoja. Lakini mama wa samaki hakubahatisha, aliuza chakula. Mtu wa boti alikodisha boti. Ukimpa mtu kama huyo pasenti unamgeuza mwekezaji kwa nguvu, unachukua bili yake unaifanya bahati nasibu halafu unamtarajia akushukuru. Na ubaya mwingine ambao sikuwa naujua kabla: watu hao ndio unahitaji sahihi zao. Kila ahadi ndogo inazaa mtu mmoja zaidi anayeweza kusimamisha mauzo.

Skripti ya pili iko tayari, ya Kakamega, kuhusu mchezo wa fahali. Safari hii ana karatasi ya ukurasa mmoja anayompa mtu kabla ya kunywa chai: siku yako ni shilingi ngapi, leo unapata ngapi, ngapi inabaki, inabaki mpaka nini kitokee, jina lako litaandikwaje, na kwamba futeji inakaa na prodyusa. Watu wawili walishaikataa. Mmoja alisema anapendelea pasenti.

Pesa iliingia Jumanne, akaituma kwa simu akiwa ameketi pale pale kwa mama, kuanzia kwa mjomba kwenda chini, kila mtu anasoma mesiji yake kwa sauti. Jaduong' alihesabu 22,500 mara mbili kisha akauliza, kwa hivyo ile tano imeenda wapi? Tukamweleza iko kwa mfuko, ikija nyingine utaona. Akasema basi hiyo muiweke tu.

Ile 11,900 ilinunua diski moja, na chenji ikawa nauli. Filamu yote iko humo, futeji na kila kitu. Anaiweka kwa mama wa samaki, kwa lile sanduku la chuma la pesa, chini ya daftari.